Nyuso sita hazitoshi: mchemraba, mche mstatili na ndugu zao

Jumatano jioni nilikuwa nafunga hesabu za siku dukani, mjukuu wangu wa darasa la sita akaingia na karatasi ya jaribio mkononi.

"Shikamoo babu."

"Marahaba. Za shule?"

Hakujibu za shule. Aliilaza karatasi juu ya kaunta, kati ya mizani ya misumari na makopo ya rangi, akaweka kidole kwenye swali la 14. Swali liliuliza: Umbo lenye nyuso sita huitwaje? Yeye alikuwa ameandika "mche mstatili". Wino mwekundu umepita juu ya jibu lake, na pembeni limeandikwa jibu lililotakiwa: "mchemraba".

"Babu, mimi nilihesabu boksi la viatu. Lina nyuso sita. Na boksi la viatu si mchemraba."

Mtoto alikuwa na haki yake. Aliyesahihisha naye hakusema uongo, maana mchemraba kweli una nyuso sita. Kilichokosewa ni swali lenyewe. Yako maumbo mengi yenye nyuso sita ambayo si mchemraba wala si mche mstatili, na baadhi yake tunayala, tunayaokea mkate, tunayafugia samaki. Nina miaka 22 nauza saruji, nondo na misumari hapa Ngamiani, Tanga, na nimeshuhudia watu wazima wakipoteza pesa kwa kosa la namna hiyohiyo, la kuhesabu nyuso kisha wakaishia hapo. Mimi mwenyewe nimo, nitafika huko.

Tuanze na neno mche, kwa sababu hilo tunalo midomoni kabla hata ya kwenda shule. Sabuni ya kufulia inauzwa kwa mche au kwa kipande. Mche ni ule mrefu mzima, kipande ni kile unachokatiwa. Sasa simamisha kisu wima, ukate mche wa sabuni karibu na ncha, halafu katikati, halafu karibu na ncha ya pili. Uso unaoupata kila mara ni uleule, umbo lile na ukubwa ule. Hiyo ndiyo maana ya mche katika hisabati, na sijapata bado maelezo yaliyo rahisi kuliko hayo ya muuza sabuni. Mkato ukiwa wa mviringo, umbo ni mche duara, kama bomba la maji. Ukiwa wa pembetatu, ni mche pembetatu. Ukiwa wa mstatili, ni mche mstatili, na humo ndimo liliomo boksi la viatu la mjukuu wangu. Mkato ukiwa wa mraba, na urefu wa mche ukalingana sawasawa na upande wa mraba huo, hapo ndipo umefika kwenye mchemraba.

Kwa hiyo mchemraba umo ndani ya mche mstatili, kama Chumbageni ilivyo ndani ya Tanga. Kila mchemraba ni mche mstatili, ila miche mistatili iliyo mingi si michemraba. Anayekwambia anakaa Tanga hajakudanganya kwa kutoitaja Chumbageni, lakini mwenye kumtafuta mtu Chumbageni hawezi kuridhika na jibu la "Tanga".

Neno mraba nalo lina mambo yake. Limetoka kwenye Kiarabu, katika shina la nne, kama mstatili ulivyotoka kwenye kurefuka. Mitaani tumelichukua kwa upana: mtu aliyejengeka mwili tunamwita wa miraba minne, na fundi akikwambia "nichoree mraba hapa" anaweza kuwa anataka chumba cha futi 10 kwa 12. Darasani mraba hauruhusu hilo. Pande zake nne lazima zilingane na pembe zake zote ziwe za nyuzi 90. Nadhani huu upana wa mtaani ndio unaofanya kila kisanduku kiitwe mchemraba, hata na watu waliosoma.

Kuna neno jingine linalovuruga zaidi: upande. Tunasema upande tukimaanisha ukuta mzima wa boksi, tunasema upande tukimaanisha mstari wa pembeni tu, na tunasema upande tukimaanisha huko kushoto au kulia. Mtoto akiulizwa boksi lina pande ngapi anaweza kujibu sita au 12, na kila jibu likatetewa. Ndiyo maana vitabu vya hisabati vimetenga maneno matatu. Uso ni ile sehemu bapa unayoweza kuipaka rangi. Ukingo ni mstari ambapo nyuso mbili zinakutana, ule unaokukata mkono kwenye bati. Kipeo ni ncha ambapo kingo zinakutana. Boksi lina nyuso 6, kingo 12 na vipeo 8. Anayetaka kuviona vipeo kwa macho aende akatazame kontena bandarini: kwenye kila ncha kati ya zile nane pana kipande cha chuma kizito chenye matundu, na hapo ndipo winchi hushika na ndipo makontena yanapofungiwa yakipandishwa moja juu ya jingine.

Na tusichanganye na pembesita. Pembesita ni umbo bapa la karatasini, kama tundu la sega la nyuki. Halina unene, halina ujazo.

Sasa tufike kwenye neno linalolijibu swali kama lilivyoandikwa. Wagiriki wa kale walikuwa na jina moja linalokusanya maumbo yote ya nyuso sita, na wanahisabati duniani wanalitumia hadi leo: heksahedroni. Heksa ni sita. Hedra, na hili ndilo ninalolipenda, maana yake ya mwanzo ni kiti, mahali pa kukalia. Yaani walipohesabu nyuso za umbo walikuwa wanahesabu vikalio vyake. Kila uso ni namna moja ya kuliweka umbo likatulia juu ya meza.

Mtu wa ujenzi anaelewa hilo bila kufundishwa. Chukua tofali la saruji tunaloliita la inchi sita. Vipimo vyake ni inchi 6 kwa 9 kwa 18. Kwenye msingi fundi hulilaza, maana yake analikalisha kwenye uso wa 9 kwa 18, ukuta unakuwa na unene wa inchi 9 na kila kozi, yaani kila mstari wa matofali, inapanda inchi 6. Akifika juu ya msingi analisimamisha, yaani analikalisha kwenye uso wa 6 kwa 18, ukuta unakuwa wa inchi 6 na kozi inapanda inchi 9. Uso wa tatu, ule mdogo wa 6 kwa 9, hakuna anayeukalia kwenye ukuta, tofali lingeyumba. Tofali ni lilelile, ila angalia kinachotokea mfukoni. Mita moja ya mraba ya ukuta wa kusimamisha inakula matofali 9 na nusu hivi, bila kuhesabu saruji ya kuungia. Mita hiyohiyo ikilazwa inakula zaidi ya 14. Mteja anakuja dukani ananiambia, "Nipigie hesabu ya matofali, ukuta una mita 40 za mraba." Ninamuuliza kwanza, "Unalaza au unasimamisha?" Wengi hushangaa kuulizwa hivyo, kisha wanampigia simu fundi wao.

Kwa lugha hiyo ya vikalio, tofauti ya maumbo inajitokeza yenyewe. Tofali lina nyuso sita lakini vikalio vyake vya aina tofauti ni vitatu, kwa sababu kila uso una pacha wake upande wa pili. Debe, lile la bati la kupimia mahindi, lina kitako cha mraba na kuta nne zinazolingana, kwa hiyo lina vikalio vya aina mbili tu. Mchemraba una kikalio cha aina moja. Ugeuze utakavyo, ufumbe macho mwenzako augeuze tena, ukifumbua huwezi kujua kama umeguswa.

Ndiyo maana dadu ni mchemraba. Dadu likiwa refu upande mmoja, nyuso pana zitatokea mara nyingi kuliko zile nyembamba, na mchezo umeharibika. Kwa Wagiriki kubos lilikuwa jina la dadu, na kwa njia ya Kilatini ndilo lililozaa jina la mchemraba katika lugha nyingi za Ulaya. Ukilishika dadu lililotengenezwa kwa kawaida, jumlisha namba ya juu na ya chini yake: daima ni 7.

Upande wa Kiarabu kuna jambo linalotuhusu kwa karibu zaidi sisi watu wa pwani. Jina la Kaaba limefungamana na neno la mchemraba. Lakini jengo lenyewe likipimwa, kimo chake ni takriban mita 13, na kuta zake hazilingani urefu, mbili ni za karibu mita 11 na mbili za karibu mita 13. Kwa rula ya darasani huo ni mche mstatili. Jina halikukosea kwa hilo. Lugha huita kitu kwa sura inayomjia mtu anapokitazama, na hisabati huita kwa kipimo. Kila moja ina mahali pake, ila mtihani wa hisabati ni mahali pa kipimo.

Hadi hapo tumekaa kwenye pembe za nyuzi 90 tu. Tutoke.

Mke wangu hupika kashata za nazi siku za mwisho wa wiki. Nazi ikishakunwa huipika na sukari na iliki hadi ikaze, akaimwaga kwenye sinia, akaisawazisha kwa mgongo wa mwiko, na kabla haijapoa anapitisha kisu. Mistari ya kwanza anaikata moja kwa moja kutoka upande hadi upande. Mistari ya pili anaikata kimshazari. Akichelewa, kashata hukatika ovyo na kuwa chembechembe, ndiyo maana wakati huo hazungumzi na mtu. Kipande kinachotoka kina uso wa juu na wa chini wenye umbo la almasi, na kuta nne za mstatili. Hesabu: sita. Kingo 12, vipeo 8, kila kitu kama boksi. Lakini si mche mstatili, kwa sababu uso wa juu umelala upande, pembe zake mbili ni kali na mbili zimefunguka.

Umbo kama hilo, ambalo nyuso zake zote sita ni misambamba, yaani pembenne ambazo pande zinazotazamana ziko sambamba, na kila uso uko sambamba na mwenzake wa upande wa pili, huitwa paralelepipedi. Jina refu, kitu cha kawaida. Tofali limo humo, mchemraba umo humo, kashata imo. Na hapa ndipo hesabu inapoanza kumtega mtu. Tuseme kila upande wa almasi ni sentimita 4, unene wa kashata ni sentimita 2, na kona kali ni ya nyuzi 60. Mwenye haraka atazidisha 4 kwa 4 kwa 2 apate sentimita za ujazo 32. Siyo. Ukipima kutoka ukingo mmoja wa almasi hadi ule wa pili kwa rula iliyosimama wima juu ya ukingo, hupati 4, unapata karibu 3.5. Ujazo ni 4 kwa 3.5 kwa 2, yaani 28. Unapozidisha, unazidisha urefu wa kitako kwa kimo chake cha wima, kamwe si kwa ukingo uliolala. Ukiuinamisha zaidi mshazari, urefu wa kingo utabaki uleule, na kashata itazidi kupungua.

Hilo la kashata ni dogo. Nililokutana nalo mimi lilikuwa la lita.

Mwaka juzi nilichimbisha bwawa la samaki shambani, njia ya kwenda Pongwe. Juu mita 6 kwa 6, kina mita 1.5. Udongo wa pale haushiki ukichimbwa wima, kwa hiyo kuta zilichimbwa zimelala, na chini tukaishia na mita 4 kwa 4. Tukatandika turubai. Mvua zilikuwa zimekata, nikaamua kununua maji ya boza. Nikapiga hesabu usiku, kwa kalamu, kwa kujiamini: 6 mara 6 mara 1.5 ni mita za ujazo 54. Mita moja ya ujazo, yaani mchemraba wa mita moja kila upande, ni lita 1,000. Lita 54,000, boza moja ni lita 10,000, basi maboza sita, la mwisho litabaki na zaidi ya nusu. Nikalipia yote sita mbele ili nipate nafuu ya bei.

Boza la nne halijamaliza kumwaga, maji yakafika ukingoni. Nilisimama pale nikidhani labda wamenizidishia. La tano lilikuwa limeshapiga kona ya shamba na dereva wake anauliza, "Mzee, hili naliweka wapi?" Sikuwa na pa kuliweka. Nilimimina kwa migomba ya jirani, la sita nikaomba lisije, na pesa yake haikurudi.

Bwawa langu lilikuwa na nyuso sita kama boksi: kitako, uso wa maji na kuta nne. Lakini kuta zile zilikuwa na umbo la trapeza, pana juu, nyembamba chini. Umbo hilo ni piramidi iliyokatwa kilele, ikapinduliwa. Kopo la kuokea mkate wa boflo lina sura hiyohiyo, na kwa sababu nzuri, mkate usingetoka kama kuta zingekuwa wima. Namna ya kupata ujazo wake inajulikana tangu Misri ya kale, imo kwenye mafunjo yanayohifadhiwa Moscow. Chukua eneo la juu, ongeza eneo la chini, ongeza kipeuo cha pili cha maeneo hayo mawili yakizidishwa, kisha zidisha jumla kwa kimo na ugawe kwa tatu. Kwangu ilikuwa 36, ongeza 16, ongeza 24, ambacho ni kipeuo cha pili cha 576. Jumla 76. Mara 1.5 ni 114. Gawa kwa tatu: 38. Lita 38,000, maboza manne na la nne linabaki na kitu. Wamisri walijua hilo karibu miaka 4,000 iliyopita, na mimi nilikuwa na kalamu na karatasi nikalikosa, kwa sababu niliona nyuso sita na kichwa changu kikasema boksi.

Mjukuu wangu alisikiliza kisa cha bwawa akiwa ameegemea mifuko ya saruji. Kisha akauliza swali ambalo sikulitegemea. "Kwani babu, kitu kinaweza kuwa na nyuso sita bila kufanana na boksi kabisa?"

Kinaweza. Piramidi yenye kitako cha pembetano ina nyuso sita: kuta tano za pembetatu na kitako. Ina kilele kimoja, haifanani na boksi hata kidogo. Au chukua piramidi ya pembetatu yenye nyuso nne, kata ncha mbili kwa kisu. Umeongeza nyuso mbili, sasa ni sita: mbili pembetatu, mbili pembenne, mbili pembetano. Ajabu ya hii ni kwamba ina vipeo 8 na kingo 12, idadi ileile ya boksi, na bado ukiishika mkononi hakuna atakayeiita boksi. Wanahisabati wamezihesabu namna zote ambazo nyuso sita bapa zinaweza kufunga umbo lisilo na bonde, kwa kuangalia tu jinsi nyuso zinavyoungana bila kujali vipimo, wakapata namna 7. Boksi, tofali, kashata, bwawa langu na mchemraba zote ni namna moja kati ya hizo saba.

Kuna njia ya kujihakikishia kwamba hujakosea kuhesabu. Mswisi Leonhard Euler alimweleza rafiki yake Christian Goldbach kwa barua mwaka 1750: jumlisha vipeo na nyuso, toa kingo, utapata 2. Boksi: 8 na 6 ni 14, toa 12, inabaki 2. Piramidi ya pembetano: vipeo 6 na nyuso 6 ni 12, kingo zake ni 10, inabaki 2. Nilimwambia mtoto ajaribu kwa boksi la taa, kwa kabari, kwa chochote kilichopo dukani chenye nyuso bapa na kisicho na tundu la kupita upande hadi upande. Alijaribu mpaka nikamwambia arudishe vitu.

Asili nayo hutengeneza maumbo haya bila rula. Nunua chumvi ya mawe sokoni, ile ya baharini isiyosagwa, tandaza punje chache kwenye karatasi nyeusi na uzitazame kwa kioo cha kukuzia. Nyingi zimevunjika, lakini utapata zenye kona safi kabisa, michemraba midogo, na nyingine zimebonyea katikati kwa ngazingazi kama jukwaa lililopinduliwa. Chembe za sodiamu na za klorini zimejipanga kwa zamu, moja hii moja ile, kulia na kushoto, mbele na nyuma, juu na chini. Upangaji huo unapoendelea mabilioni ya mara, kwa kawaida huzaa pembe za nyuzi 90. Ukiigonga punje taratibu, hupasuka kwa kufuata nyuso hizohizo, ukapata visanduku vidogo zaidi vyenye pembe zilezile za nyuzi 90.

Jirani wa chumvi, jiwe la chokaa, ndiye aliyenikamata zaidi. Kaskazini mwa mji, kama kilomita 8 kwa njia ya Mombasa, kuna mapango ya Amboni, na mapango yale ni ya mawe ya chokaa. Saruji ninayouza huanzia kwenye mawe ya aina hiyo. Madini yanayounda chokaa ni kalsaiti. Kipande cha kalsaiti safi kikigongwa hupasuka nacho kwa nyuso sita, na kikipasuka vizuri zote zinaweza kulingana, kingo zote 12 zikawa na urefu mmoja. Ukimpa mtu maelezo hayo bila kumwonyesha jiwe, ataapa kuwa ni mchemraba. Lakini kila uso ni almasi yenye pembe za karibu nyuzi 78 na 102. Ni mchemraba uliokaliwa ukalala, na jina lake ni rombohedroni. Padri mmoja Mfaransa, René Just Haüy, alivutiwa na namna kalsaiti inavyopasuka daima kwa pembe zilezile, na mwaka 1784 akatoa kitabu kilichoweka msingi wa elimu ya fuwele: kwamba umbo la nje linatokana na matofali madogo mno yaliyopangwa ndani. Nikiwa mtu wa matofali, hilo halikunipa taabu kuliamini. Wanaotembelea Amboni wasivunje mawe ya pale kutafuta ushahidi, yamechukua muda mrefu mno kujijenga.

Basi tazama mtego ulivyo. Nyuso sita hazitoshi kuupata mchemraba. Nyuso sita zinazolingana na kingo zote sawa, bado hazitoshi, maana jiwe la chokaa linazo. Kinachobakia ni pembe. Swali la 14 lingeuliza "umbo lenye nyuso sita ambazo zote ni miraba", jibu lingekuwa mchemraba na hakuna mtoto ambaye angepinga. Maneno manne tu yalikosekana.

Nilimwambia asiende kumbishia mwalimu mbele ya darasa. Amfuate baada ya kipindi, amwamkie, amwonyeshe boksi la viatu na karatasi yake, aombe kueleweshwa. Akakubali. Halafu akaniuliza kama kuna umbo la nyuso sita zinazofanana zote, ambalo hata mtu asiyejua hisabati hawezi kuliita mchemraba, ili abebe na hilo.

Nikamkatia manila. Alichora pembetatu sita zenye pande sawa, sentimita 8 kila upande, akaacha ulimi wa kupakia gundi. Tatu akaziunganisha kileleni zikawa kofia. Tatu nyingine kofia ya pili. Tukazibandika midomo kwa midomo juu ya kaunta, nikashikilia mpaka gundi ikashika, kukawa kumeshaingia magharibi. Ikawa kitu chenye ncha juu na ncha chini, kinene kiunoni. Akakikalisha kwenye uso mmoja, akakigeuza, akakikalisha kwenye mwingine, akitaja namba. Nyuso sita. Vipeo vitano. Kingo tisa. Akajumlisha tano na sita, akatoa tisa, akanitazama.

"Mbili," akasema, akakitia ndani ya boksi la viatu.